Daraja Lisilofika Ng'ambo

"Mwendesha mashtaka anataka jambo moja tu," Inspekta Jerusha Mirumbe alisema huku akisukuma dirisha la ofisi ya wapelelezi mjini Migori, hewa ipate kuingia. "Aone hili gemu likifunguka. Wakili wa mshukiwa atauliza kortini, na sisi tuwe na jibu."

Koplo Bichage alikuwa ameegemea kabati la faili, kikombe cha chai mkononi. Alikuwa mtu wa miraba minne, mzaliwa wa Isebania, na hakuwa na subira na kitu chochote kisichoweza kutiwa pingu.

"Gemu, madam? Mtu ameuawa, sisi tunacheza gemu?"

"Hatuchezi, Koplo. Tunahakikisha. Vuta kiti, washa kamera ya simu, urekodi kila ninachofanya. Tukimaliza mapema nitakununulia samaki."

Kesi yenyewe ilionekana kama imekwisha. Joash Orina, mpima ardhi, alikutwa Alhamisi moja jioni akiwa amelala kifudifudi ofisini kwake nyuma ya soko, kichwa kimepasuliwa kwa nyundo. Nyundo ilikuwa mpya, bado ina kibandiko cha duka la Abdisalam, muuza vifaa vya ujenzi. Asubuhi ya siku hiyo hiyo nusu ya mtaa ilimsikia Abdisalam akimfokea Orina kwenye ngazi kwa ajili ya mpaka wa kiwanja chake. Alasiri, Abdisalam alisema, alikuwa nyumbani amelala na homa. Shahidi wake alikuwa mkewe Hibo, basi. Sasa Abdisalam alikuwa amekaa seli wiki mbili kwa amri ya korti, na kesho asubuhi alikuwa asomewe shtaka la mauaji.

Kulikuwa na mtu mwingine mwenye sababu kubwa zaidi ya kumtaka Orina anyamaze. Bonface Ombati, dalali wa mashamba, alikuwa na kesi ya kuhamisha mawe ya mpaka na kumeza shamba la mjane, na shahidi mkuu alikuwa Orina, ambaye angesimama kizimbani siku iliyofuata. Orina alipokufa, kesi ile ilikufa naye. Lakini alasiri hiyo Bonface hakuwa Migori. Alikuwa Homa Bay, katika duka la kompyuta la Sheila Awino. Sheila mwenyewe ndiye aliyesema hivyo. Tena Bonface, bila kuombwa, alileta laptopu yake mpya ikaguliwe, pamoja na sidii ya gemu lenyewe.

Taarifa ya Sheila ilikuwa fupi. Jerusha aliisoma tena, kwa sauti, simu ya Bichage ikirekodi.

"'Alifika baada ya chakula cha mchana. Alitaka nimwekee gemu la zamani nililokuwa nikicheza chuoni. Nilitia sidii kwenye laptopu yake, likaingia bila shida. Tukaanza mchezo mpya, tukacheza mpaka jua likazama. Tukauhifadhi humo humo.'"

Ripoti ya maabara ilikuwa fupi zaidi. Faili ya mchezo uliohifadhiwa ilikuwepo. Tarehe yake ilikuwa alasiri ya Alhamisi hiyo. Gemu lenyewe halikufunguliwa.

Hakuna aliyeona haja ya kulifungua, Jerusha hasa. Sheila Awino alikuwa amelala kitanda cha juu na yeye cha chini katika bweni la chuo cha ufundi, miaka ishirini iliyopita, kabla Jerusha hajajiunga na polisi. Ni Sheila aliyemsimamia siku ya harusi. Ni Sheila aliyesafiri kwenye mvua hadi Kehancha kusaidiana naye kumzika mamake. Sheila aliposema jambo, Jerusha aliliandika tu.

Laptopu ya Bonface ilikuwa kabatini, imefungwa kwenye mfuko wa vielelezo. Maabara ilikuwa imenakili kila kilichomo ndani yake na kukihamishia kwenye laptopu nyingine ya aina ile ile, mpya vilevile. Hiyo ndiyo iliyokuwa mezani. Jerusha aliitoa sidii kwenye bahasha, akaishika pembeni kwa vidole viwili. Ilikuwa na jina refu la Kizungu ambalo hakuna mwanafunzi aliyewahi kulitumia. Bwenini waliliita Misafara. Mchezaji anaanzisha kampuni ya malori, anajenga barabara na madaraja, anasafirisha mahindi na samaki kutoka mji hadi mji mpaka atajirike au afilisike.

Akaizungusha laptopu kulia. Akaizungusha kushoto.

"Unatafuta nini, madam?"

"Mlango wa sidii."

Bichage aliinama akatazama. "Hakuna."

"Hazitengenezwi na mlango siku hizi. Na Sheila amesema, 'Nilitia sidii kwenye laptopu yake.'"

"Si kuna ile mashine ndogo ya kuchomeka kwa waya? Fundi hakosi."

"Hakosi," Jerusha alikubali. Ilikuwa hoja ya haki. Alimtuma mtu ofisi ya takwimu kuazima moja, wakaichomeka, sidii ikaanza kuzunguka ikilia kama nyuki ndani ya chupa.

Alibonyeza programu ya kuliweka gemu. Kisanduku kidogo kikatokea katikati ya skrini: programu hii haiwezi kuendeshwa kwenye kompyuta yako. Alibonyeza tena. Kisanduku kile kile.

"Imekataa," Bichage alisema.

"Haijakataa, haijui kusoma lugha yake. Hii programu iliandikwa wakati kompyuta zilikuwa ndogo. Windows za sasa ziliacha kabisa kuielewa aina hiyo. Hata ubembeleze vipi."

"Sasa huyo rafiki yako ameandika likaingia bila shida."

Jerusha alibonyeza kitufe cha kulia cha kipanya, akaenda mahali pa kuidanganya programu ijione iko kwenye Windows ya kale. Akajaribu moja baada ya nyingine. Hakuna iliyokubali.

"Pengine alilinakili kwa mkono," alisema, kama mtu anayemtetea mwenzake mbele ya baraza. "Kuna njia. Unaruka programu ya kuliweka, unachukua mafaili yenyewe kutoka kwenye sidii, unayatia kwenye folda."

Na kweli, kwenye nakala ya laptopu ya Bonface kulikuwa na folda kama hiyo, mafaili ya gemu yamemwagwa humo. Bichage alitikisa kichwa kwa kuridhika. Jerusha aliyafungua. Skrini ikawa nyeusi, ikakaa nyeusi, kisha ikarudi ilivyokuwa kana kwamba hakuna kilichotokea. Akarudia. Nyeusi, kisha si kitu.

Akafungua mahali ambapo mashine yenyewe huweka alama kila programu inapoendeshwa. Bonface alikuwa amefungua programu za kuandikia, za muziki, za picha. Misafara ilikuwepo pia, mara kadhaa, zote za jioni moja. Kila mara ilifunguka na kufa papo hapo. Na jioni hiyo haikuwa ya Alhamisi. Ilikuwa ya Jumapili iliyofuata, siku tatu baada ya Orina kufa.

Bichage aliweka kikombe chini.

"Alama hizo zinaweza kufutwa, madam. Labda zile za Alhamisi zilifutika."

"Labda."

"Na tarehe ya ile faili?"

"Tarehe ya faili ni saa ya kompyuta, Koplo. Ukiirudisha saa nyuma, faili inazaliwa siku unayotaka wewe." Alisema maneno hayo polepole, akiyasikiliza. "Lakini hiyo inaonyesha tu kwamba jambo linawezekana. Haionyeshi kwamba lilifanyika. Wakili yeyote ataniuliza: huo mchezo ulichezwa na nani, na lini? Jibu liko ndani ya mchezo. Tuufungue."

Ulipita muda mrefu. Samaki aliyeahidiwa alisahauliwa. Jerusha alitafuta kwenye intaneti, akakuta kwamba duniani kuna watu wazima wanaoamka asubuhi na kazi yao ni kufufua magemu ya utotoni mwao. Walikuwa na baraza lao la mtandaoni, wanaulizana na kujibizana. Mmoja wao alikuwa ameandika faili ndogo ambayo, ukiitia kwenye folda ya gemu, inasimama katikati kama mkalimani kati ya gemu la zamani na kompyuta mpya. Jerusha aliipakua, akaipima kama haina virusi, akaitia.

Safari hii skrini haikuwa nyeusi. Muziki ulilia, ule ule wa zeze na filimbi, na picha ikatokea, lakini nyasi zilikuwa za zambarau na anga ya rangi ya damu.

"Hiyo ndiyo dunia ya wanafunzi wa zamani?" Bichage aliuliza.

"Rangi zimechanganyikiwa. Ngoja." Alirekebisha mstari mmoja katika maelekezo ya ile faili. Nyasi zikawa kijani. Malori yakaanza kwenda, lakini yalikwenda kama risasi. Mwaka mzima wa mchezo ulipita kabla mtu hajapumua, kampuni ikafilisika.

"Kompyuta ya sasa ina nguvu mno," alieleza. "Gemu linakimbia kadiri mashine inavyoliruhusu." Akaifunga kasi. Malori yakapunguza mwendo, yakapanda mlima yakitoa moshi. Ilikuwa Misafara yenyewe, kama walivyoijua.

Bichage aliangalia saa ya ukutani. "Kazi yote hii, na huyo mama amesema likaingia bila shida."

"Nimesikia, Koplo."

Alibonyeza mahali pa kufungua mchezo uliohifadhiwa. Kulikuwa na mmoja tu. Akaubonyeza.

Ramani ikafunguka, na Jerusha akaondoa mkono kwenye kipanya.

Huo haukuwa mchezo wa alasiri moja. Ilikuwa kampuni kubwa, barabara zimetambaa kila upande, miji imejaa. Bichage alisogeza uso karibu akasoma majina ya miji, maana mchezaji aliweza kuibadilisha majina apendavyo. Kehancha. Mfangano. Rusinga.

"Hao wamecheza sana," alisema. "Na huyu Bonface wa Migori, kwa nini mji wake mkubwa auite Kehancha?"

Jerusha alisogeza ramani kusini, mpaka ziwani. Pale majini palikuwa na daraja. Lilitoka nchi kavu likaenda, likaenda, likakomea katikati ya maji, halikufika ng'ambo.

"Nani anajenga daraja la kwenda kuzama?" Bichage alicheka.

"Mimi."

Kicheko kilikatika.

"Nilibonyeza mahali pasipofaa," Jerusha alisema. Sauti yake ilikuwa tulivu, kama ya mtu anayesoma ripoti. "Pesa za kampuni zikaishia hapo. Nilitaka kulibomoa, Sheila akakataa. Akasema libaki, tulitazame tukiwa wazee. Akaliita daraja la Mkuria, yaani mimi. Huu mchezo tulicheza mimi na yeye muhula mzima, tukiibia masaa ya maktaba. Aliunakili akabaki nao." Akagusa skrini kwa ncha ya kalamu. "Lori hili linaitwa kwa jina la matroni wetu. Hili ni la mhadhiri wa hesabu. Hakuna hata kimoja hapa ambacho Bonface Ombati amekigusa."

"Kwa hivyo Alhamisi ile..."

"Alhamisi ile hakuna mchezo uliochezwa. Umerekodi?"

"Nimerekodi, madam."

"Usizime."

Aliandika saa, akaandika alichokiona, akampa Bichage atie sahihi kama shahidi. Kisha akampigia simu mwendesha mashtaka kumwambia asimsomee mtu mashtaka kesho. Halafu akatembea hadi ofisi ya mkuu wake, akafunga mlango, akamweleza kwamba shahidi Sheila Awino alikuwa rafiki yake wa miaka ishirini, jambo ambalo lilipaswa kuwa ndani ya faili tangu siku ya kwanza na halikuwemo.

Mkuu alimtazama kwa muda. "Ulinificha?"

"Sikudhani lina uzito, afande."

"Kesho lingekuwa na uzito wa maisha ya mtu." Akasukuma kiti nyuma. "Nenda Homa Bay na Bichage. Yeye atauliza, yeye ataandika. Wewe utakaa kimya. Ukirudi, faili hii naichukua mimi."

Njia nzima, kupitia Rongo, Jerusha aliendesha gari bila redio. Bichage alijaribu mara moja.

"Pengine alitishwa, madam."

"Tutamuuliza."

Duka la Sheila lilikuwa mtaa wa juu, mahali unapoona ziwa kipande kipande kati ya mabati. Meza zilijaa kompyuta zilizopasuliwa matumbo. Sheila alikuwa amevaa miwani ya kufanyia kazi, bisibisi mdomoni. Alipomwona Jerusha mlangoni alitoa bisibisi, akafungua mikono.

"Osiepna! Rafiki yangu mwenyewe! Unakuja bila hata kupiga simu? Ningekukaangia samaki, ngege."

Jerusha hakuingia mikononi mwake. Alisimama kando, mgongo ukutani. Bichage ndiye aliyevuta stuli akaketi.

"Bi. Awino, mimi ni Koplo Bichage. Nina maswali machache juu ya taarifa yako."

Sheila alimtazama Jerusha, kisha Bichage, kisha akashusha mikono. "Uliza tu."

"Laptopu ya Bonface haina mlango wa sidii. Uliitia wapi?"

"Nina mashine ya nje. Ya kuchomeka."

"Tuione."

"Niliiuza. Wiki iliyopita."

"Kwa nani?"

"Mteja. Wateja ni wengi, mimi siwaandiki."

"Sawa. Na gemu liliingia bila shida?"

"Kawaida tu. Mimi ni fundi, afande. Hii ndiyo kazi yangu."

Bichage alifungua begi, akatoa ile laptopu ya nakala. Kabla hawajaondoka Migori, Jerusha alikuwa ameondoa kila alichokitia. Mafaili ya gemu yalikuwa kama Bonface alivyoyaleta. Bichage aliiweka mezani, akaigeuza kuelekea kwake.

"Basi tufungulie."

Sheila alivua miwani, akaifuta, akaivaa. Akabonyeza. Skrini ikawa nyeusi, ikarudi. Akabonyeza tena. Akajaribu njia za kuidanganya programu, zile zile ambazo Jerusha alizijaribu asubuhi, kwa mpangilio ule ule. Walifundishwa na mwalimu mmoja. Vidole vyake vilikuwa vyepesi mwanzoni. Kisha vikaanza kukosea.

"Kuna kitu mmebadilisha humu ndani," alisema.

"Hakuna kilichobadilishwa. Mashine inasema gemu lilijaribiwa Jumapili, likakataa kila mara. Alhamisi halikuguswa. Unasemaje juu ya hilo?"

"Nasema mashine hukosea."

Bichage hakubishana. Alichukua simu yake, akatafuta picha, akaiweka juu ya meza mbele yake. Lilikuwa lile daraja, likiingia majini, likikoma.

Sheila alilitazama. Nje, mtu wa bodaboda alikuwa akimpigia mteja honi. Sheila aliendelea kutazama mpaka mwanga wa simu ukafifia wenyewe, na alipoinua uso hakumtazama Bichage.

"Umelifungua vipi, Jeru? Mimi lilinishinda. Nilikaa nalo jioni nzima, Bonface amesimama nyuma yangu anahema. Nikasema, kama mimi limenishinda, nani mwingine atalifungua?"

Jerusha alikaa kimya, kama alivyoagizwa.

"Alitaka faili yenye tarehe," Sheila alisema. "Faili tu. Sikuwa na mchezo mwingine ila ule wetu. Nikarudisha saa ya laptopu nyuma, nikaiandika upya faili ionekane ya Alhamisi. Alisema ni jambo dogo. Kwamba alikuwa na mwanamke mahali fulani siku hiyo, hataki ajulikane. Nilimwamini kwa sababu..." Akaacha. Kwenye kidole chake cha kushoto kulikuwa na pete mpya, nyembamba. "Tulikuwa tupeleke barua kwa wazazi mwezi ujao."

"Na Abdisalam alipokamatwa?" Bichage aliuliza. "Bado ulidhani ni habari ya mwanamke?"

"Bonface alisema ataachiliwa huyo, hakuna ushahidi. Alisema Wasomali wana mawakili wazuri."

"Wiki mbili, Bi. Awino."

"Najua ni wiki mbili!"

Ndipo Jerusha akasema. Maneno yalimtoka bila kuombwa ruhusa.

"Kwa nini ulitaka mimi ndiye niandike taarifa yako? Alikuja mwenzangu wa hapa Homa Bay, ukamwambia utamngoja Inspekta Mirumbe. Kwa nini, Sheila?"

Bichage alimgeukia, akainua mkono kumzuia, akaushusha.

Sheila alikuwa akizungusha ile pete. "Nilijua hutaniuliza mara mbili," alisema. "Nilimwambia Bonface: akija Jeru, tumemaliza."

Jerusha alitazama mlangoni, ambako ziwa lilionekana jeupe kati ya mabati mawili, akabaki akilitazama. Bichage aliandika maneno hayo kama yalivyosemwa, akayasoma kwa sauti, akamsogezea Sheila kalamu.

Sheila hakuishika. Alichukua simu yake badala yake.

"Mniache nimpigie. Msikie wenyewe. Atawaambia hakumwua mtu."

Bichage alimtazama Jerusha. Jerusha akatikisa kichwa mara moja, kukubali. Sheila akaweka simu mezani, sauti wazi. Iliita kwa muda mrefu kabla ya Bonface kupokea. Nyuma yake kulikuwa na kelele za watu na injini ya boti.

"Bon, wamefungua lile gemu."

"Wamelifungua vipi?"

"Wamelifungua tu. Wanajua hukuwa hapa. Nimewaambia kuhusu yule mwanamke. Waambie jina lake, Bon, yaishe. Mimi sitakasirika."

"Mwanamke gani?"

"Wewe ulisema..."

"Sheila, nisikilize. Mimi sikukuomba chochote. Wewe ndiye fundi, wewe ndiye ulichezea hiyo kompyuta. Siku hiyo mimi nilikuwa Mbita, kuna watu watatu wataapa. Kama uliwadanganya polisi, hiyo ni yako na rafiki yako. Usinipigie tena."

Simu ikakatika.

Sheila alibaki akiitazama, mdomo umefunguka kidogo. Alikuwa mtu wa maneno mengi. Chuoni walimwita redio. Sasa alisimama, akaenda nyuma ya pazia, na Bichage akamfuata mbio akidhani anatoroka. Lakini alirudi na mfuko wa plastiki ulioviringishwa, akautua mezani kwa mikono miwili.

"Alikuja hapa Alhamisi hiyo, giza likiingia. Alisema amechinjiwa mbuzi mahali, koti limechafuka, nilifue. Sikulifua. Nilikuwa na kazi nyingi, kisha nikasikia redioni habari za Orina, nikaogopa kuligusa." Alizungumza na Bichage sasa, macho chini. "Mfuko wa ndani kuna risiti ya duka la vifaa vya ujenzi. Niliiona. Nikajiambia kila mtu hununua nyundo."

Bichage alivaa glavu kabla ya kuugusa ule mfuko. Jerusha alitoka nje, akawapigia wenzake wa Mbita, akawapa jina, sura na mlio wa boti aliousikia. Walimkuta Bonface Ombati gatini akisubiri chombo cha kwenda Mfangano, begi begani, na hakuwa na hata mmoja wa wale watu watatu.

Ndani ya duka, Sheila alikuwa ameketi mikono mapajani. "Utanikamata wewe?" alimwuliza Jerusha aliporudi.

"Koplo atakukamata."

"Jeru."

"Bi. Awino," Jerusha alisema, "utakwenda na Koplo Bichage. Funga duka lako kwanza, vitu vya watu visiibwe."

Asubuhi iliyofuata faili haikuwa tena ya Jerusha. Mkuu wake aliichukua kama alivyosema, pamoja na maelezo yake ya kurasa mbili juu ya urafiki aliouficha. Hata hivyo aliomba aruhusiwe kufanya jambo moja, akaruhusiwa. Alishuka mwenyewe hadi kwenye seli na ufunguo.

Abdisalam alitoka akipepesa macho. Ndevu zilikuwa zimemwota ovyo na shati lilimpwaya. Askari wa zamu alimrudishia mshipi na viatu, naye akaketi kwenye benchi la mbao kuvivaa, taratibu, kama mtu anayejifunza upya. Nje ya geti, Hibo alikuwa amesimama na chupa ya chai, ile ile aliyokuja nayo kila siku, na hakuwa bado ameambiwa kwa nini ameitwa mapema.

"Bwana Abdisalam," Jerusha alisema, "uko huru. Aliyefanya amekamatwa. Nimekuja kukuomba msamaha."

Alimaliza kufunga kamba za kiatu kimoja kabla ya kujibu.

"Afande, siku ya kwanza nilikuambia nilikuwa nyumbani na homa. Mke wangu akakuambia. Ukasema mke si shahidi, anaweza kumdanganyia mumewe."

"Nilisema hivyo."

"Yule mwanamke wa Homa Bay, nimesikia kwa askari, wewe hukumwuliza hata neno. Kwa nini?"

Askari wa zamu alijifanya anasoma kitabu cha matukio. Jerusha angeweza kumtajia tarehe ya faili, na ripoti ya maabara, na kibandiko cha nyundo. Vyote vilikuwa kweli.

"Alikuwa rafiki yangu," alisema.

Abdisalam aliinamia kiatu cha pili. "Kwangu ulinunua mabati ya nyumba ya mama yako, Kehancha," alisema. "Nilikupakilia kwenye lori kwa mikono hii. Nilidhani unanijua pia."

Akasimama, akaupima mshipi wake, akakuta tundu la zamani halimfai tena. Akaishika suruali kwa mkono mmoja, akatoka getini kwa mkewe.